Watawa Walioamka Saa Mbili Usiku

Kwa miaka miwili na miezi minne nilitafsiri kitabu kimoja, na siku mbili kabla hakijaondoka mikononi mwetu niligundua kwamba nimekiharibu. Watu walioniuliza baadaye niliwajibu ovyo, kwa sababu nilikuwa na hasira. Sasa nataka kueleza kwa mpangilio.

Mwanzoni mwa miaka ya tisini nilikuwa nafanya kazi katika chumba cha kufulia cha nyumba ya mapadri wastaafu, Berchem-Sainte-Agathe, pembeni mwa Brussels. Mapadri walikuwa thelathini na mmoja, karibu wote wamisionari waliorudi kutoka Kongo, Rwanda na Burundi. Mimi ni mtu wa Bujumbura, mzaliwa wa mtaa wa Buyenzi, Mwislamu, na shule niliishia darasa la nane. Nilikuwa na miaka arobaini na saba. Nilipanga vyumba viwili Saint-Gilles, ghorofa ya tatu, na kila asubuhi nilivuka mji mzima kwa tramu kwenda kufua shuka za watu waliokuwa wameishi kwetu muda mrefu kuliko nilivyoishi mimi mwenyewe.

Habari za watawa nilianza kuzisoma kwa sababu ya nguo. Nyumba ilikuwa inapunguza maktaba yake, na maboksi ya vitabu yaliwekwa kando ya mlango wangu yakisubiri gari la taka. Nikachukua kimoja kisichokuwa na jalada ili nisomee kwenye tramu. Kilieleza kanuni ya kale ya watawa, iliyofuatwa Ulaya karne nyingi, na kilifunguka kwenye sura ya mavazi: kila mtawa apewe kanzu mbili na majoho mawili, moja la kuvaa na moja la kubadilisha wakati lingine linafuliwa, anayepokea jipya arudishe la zamani papo hapo, liwekwe ghalani kwa ajili ya maskini. Nilisoma sura ile nimesimama, mashine inazunguka, nikajua kwamba mtu aliyeitunga aliwahi kufua. Mapadri wangu, waliokula kiapo cha ufukara, hakuna aliyekuwa na mashati chini ya kumi na mawili.

Tangu siku ile nikaanza kuandika kadi. Nilizipanga katika maboksi ya viatu kwa rangi ya vazi, kwa sababu ndivyo nilivyozoea kupanga nguo na kwa sababu watu wa zamani nao waliwaita watawa hivyo: weusi, ambao ndio wa kwanza; weupe, waliotoka kwa weusi wakilalamika kwamba wameharibika kwa utajiri, wakaenda kukausha vinamasi vya Flandria na kufuga kondoo hadi nao wakatajirika; wa kijivu na wa kahawia, waliokataa kuta wakahubiri mijini. Jumapili nilikwenda kwenye abasia ya zamani ya masista weupe, chini ya uwanja wa Flagey, baada ya mabwawa, nikapima ua wake kwa hatua. Rafiki yangu wa msikitini aliniuliza kama nataka kubatizwa.

"Nataka kujua," nilimwambia.

"Kujua nini? Wamekufa."

"Na wewe unajua majina ya wachezaji wote wa Anderlecht."

"Hao wako hai. Wakifunga goli naona."

Siku moja padri mmoja aliniita chumbani kwake. Alikuwa na miaka themanini na moja. Alikuwa amefundisha historia ya Kanisa katika seminari ng'ambo ya Ziwa Tanganyika, miaka kumi na tisa, kwa Kiswahili na Kifaransa. Alikaa kwenye kiti kilichogeuzwa kuelekea dirishani, kwa sababu macho yalikuwa yanamwacha.

"Wewe ndiye mfuaji?"

"Ndiyo, Padri."

"Wanasema unaiba vitabu vyetu."

"Naviokota, Padri. Vilikuwa vinakwenda jalalani."

"Basi umeokota kibaya. Kile kisicho na jalada kina makosa kila ukurasa. Kaa."

Alikuwa na kitabu chake mwenyewe, kurasa mia tatu za mkono, kwa Kifaransa: historia ya monasteri na mashirika ya kitawa kuanzia wakaa-pweke wa jangwa la Misri hadi mwisho wa zama za kati. Kilikuwa kimekua kutokana na masomo aliyofundisha. Alitaka kitoke kwa Kiswahili, kwa ajili ya wanovisi wa huko, vijana wanaoanza utawa, na kiwanda kidogo cha uchapaji cha misheni nchini Tanzania kilikuwa kimekubali kukichapa. Watafsiri wawili alikwisha kuwafukuza. Daktari alimwambia macho yatadumu mwaka mmoja, labda miwili, na alitaka kukiona kitabu kwa macho hayo. Aliniahidi kwamba jina langu litaandikwa kwenye ukurasa wa pili, chini ya lake.

Sitajifanya kwamba jina halikunihusu. Nilikuwa sijawahi kuandikwa popote isipokuwa kwenye karatasi za uhamiaji na karatasi ya mshahara. Nilitaka liandikwe juu ya kitu kisicho na kosa.

Kazi hii niliifanya mchana, baada ya kukunja shuka, kwenye meza ya pasi, kwa taipu kuukuu iliyokuwa inaruka herufi k. Padri alikuwa mgumu. Neno nililolikubali Jumanne alilikataa Alhamisi. Tulibishana wiki mbili kama tuseme "mtawa" au "mmonaki", na tulipokubaliana "mtawa" alidai kwamba ndilo alilolitaka tangu mwanzo. Niliandika kila uamuzi kwenye kadi, na tarehe, ili nimwonyeshe. Hakuweza kuzisoma kadi, kwa hiyo hazikunisaidia.

Kadi ya kwanza kabisa ilihusu saa. Padri alinisimulia kwamba mwaka wake wa kwanza misheni alitangaza Misa itakuwa saa tisa, akiwa na maana ya saa tisa ya Mzungu. Asubuhi alikaa peke yake kanisani, na alasiri, alipokuwa amelala, watu mia mbili walimkuta na pajama. Tangu hapo alijiwekea amri, akanipa na mimi.

"Saa ya Mzungu, ondoa sita. Ikiwa haitoshi, ongeza sita. Usifikiri. Ukifikiri utakosea."

Nikatengeneza jedwali la safu mbili, kushoto Kifaransa, kulia Kiswahili, nikalibandika ukutani juu ya taipu. Sura ya kwanza ilieleza ziara zake katika monasteri za siku hizi, na jedwali lilifanya kazi vizuri: wanaingia kanisani *à neuf heures*, saa tatu, wanakula *à midi*, saa sita. Baada ya hapo sikufikiri tena, kama nilivyoagizwa.

Mwishoni mwa Januari nikamaliza. Kurasa mia moja themanini na sita. Padri alisomewa sehemu kadhaa na mgeni mmoja aliyejua Kiswahili, akaridhika. Mkuu wa nyumba akafunga karatasi kwenye kifurushi chenye kamba na lakiri, akaziweka kabatini ofisini kwake. Sista mmoja alikuwa anasafiri Ijumaa na angezibeba mkononi mpaka kiwandani, maana posta hatukuiamini. Mimi nilibaki na nakala ya kaboni.

Nakala hiyo mpishi aliniomba aisome. Alikuwa mama wa Uvira, Kongo, mwenye sauti iliyofika kila ghorofa, na alipenda kusoma akingoja viazi vichemke. Alichagua sura ya chakula. Jumatano, baada ya chakula cha mchana, alikuja mlangoni kwangu na kurasa mkononi.

"Papa, hawa bantu bako. Ulisema wakati ya baridi banalala jua likizama."

"Ndiyo."

"Na banaamuka saa mbili ya usiku, kwa kusali."

"Ndiyo, maman."

"Bon. Hapa jua linazama saa kumi na moja. Banatosha viatu ku miguu, banalala, banaamuka. Donc masaa tatu." Akaninyooshea vidole vitatu. "Abo habakulala, papa. Balisinzia tu, sawa mulinzi, sentinelle."

Nilicheka. Nilikuwa nimeshika kapu la taulo.

"Na wakati ya joto banakula saa kumi na mbili. Ya asubuhi ao ya mangaribi? Mimi ni mupishi, nataka kujua juu ya maharagi. Maharagi ya saa kumi na mbili ya asubuhi, nani alitia ku moto?"

Niliweka kapu chini. Nilimwomba zile karatasi, na sikumbuki kama nilimshukuru.

Kosa lilikuwa hivi. Watu wa zama za kati hawakuhesabu saa kama Wazungu wa leo. Mchana ulikuwa na saa kumi na mbili, kuanzia jua linapochomoza, na usiku saa kumi na mbili, kuanzia linapozama. Sala ya saa ya tatu ilikuwa katikati ya asubuhi, ya saa ya sita ilikuwa jua la utosini, ya saa ya tisa ilikuwa alasiri. Kanuni inawaamuru watawa waamke saa ya nane ya usiku, yaani usiku mkubwa, baada ya kupumzika zaidi ya nusu ya usiku. Kila mtu wa Buyenzi angeelewa bila kuelezwa, kwa sababu ndivyo tunavyohesabu. Padri katika Kifaransa chake alikuwa ameandika kwa uaminifu: saa ya tatu, saa ya sita, saa ya nane ya usiku. Mimi nikazipitisha zote kwenye jedwali. Sala ya saa tatu ikaimbwa saa tisa. Sala ya saa tisa ikaimbwa saa tatu. Watawa wa Ulaya nzima, kwa karne saba, nikawaamsha saa mbili usiku.

Nilikaa kwenye kiti cha pasi nikahesabu kwa penseli. Mahali arobaini na moja, kwenye kurasa ishirini na sita.

Hasira yangu haikuwa juu ya uzembe, maana sikuwa mzembe. Kadi zilikuwepo, jedwali lilikuwepo, kila kitu kilikuwa na tarehe. Jikoni kwangu Saint-Gilles palikuwa na kalenda ya msikiti, na kila siku niliona jinsi magharibi inavyosogea, saa kumi na nusu mwezi wa Desemba, karibu saa nne usiku mwezi wa Juni. Nilijua kwa mwili wangu, kwa kufunga Ramadhani mbili tofauti, ya Bujumbura na ya hapa, saa ya jua ni nini. Kitabu kizima kilikuwa na sehemu moja tu ambapo msomaji wetu alikuwa karibu na watawa wale kuliko msomaji yeyote wa Brussels, na ndiyo niliyoiharibu, kwa utaratibu, mara arobaini na moja.

Alhamisi asubuhi nilikwenda kwa mkuu wa nyumba. Alikuwa mtu mwema, aliyetumia maisha yake katika ofisi za shirika hapa Ubelgiji, na Kiswahili hakujua hata neno. Tuliongea Kifaransa.

"Kwa hiyo kwenu saa tisa ni saa tatu," alisema.

"Saa tisa ya hapa, ndiyo."

"Na saa tatu ni saa tisa."

"Ndiyo."

"Na wewe umeandika kwamba saa tatu ni saa tisa."

"Ndiyo."

"Basi kosa liko wapi?"

Nilimchorea saa ya ukutani nyuma ya bahasha. Kisha nikamchorea jua. Kisha nikachora saa na jua pamoja, akaitazama sana, akasema inapendeza. Mwishowe akaniambia kwamba kifurushi kimefungwa kwa idhini ya Padri, na Padri akisema kifunguliwe kitafunguliwa.

Padri alikuwa dirishani. Nilieleza kwa kifupi. Hakugeuka.

"Kiache."

"Padri, kimekosewa."

"Saa tisa ni saa tatu. Nimefundisha hivyo kabla hujaota ndevu."

"Saa tisa ya Mzungu. Hawa hawakuwa Wazungu wa saa za ukutani. Saa za ukutani zilikuja mwishoni, Padri, umeandika mwenyewe sura ya kumi na moja."

"Bwana, sista anaondoka kesho. Mwingine hatakuwepo mpaka Septemba. Septemba mimi sitaona kitu. Unanielewa? Nitapewa kitabu nikinuse kama mbwa."

"Basi toa jina langu."

Sikuwa nimepanga kusema hivyo.

"Toa mwenyewe," alisema. "Una rangi nyeupe ya kufutia, huna? Lifute."

Ningeweza kuondoka. Nilikuwa nimefika mlangoni. Lakini mimi nikianza jambo ni lazima nilimalize kwa hatua zake, na kulikuwa na hatua moja iliyobaki.

"Padri, kule seminari, kengele ya adhuhuri mlipiga saa ngapi?"

"Saa sita. Unauliza nini?"

"Na wanafunzi waliiitaje hiyo saa?"

"Saa sita."

"Na kanuni inasema sala ya mchana ni saa ya ngapi?"

Mkono wake ulikuwa juu ya goti na vidole vilikuwa vinahesabu, kimoja kimoja. Alihesabu mara mbili.

"Niliwaambia saa kumi na mbili," alisema baadaye. "Darasani. Kila mwaka. Niliandika ubaoni: sala ya sita, saa kumi na mbili." Akageuza kiti kidogo. "Vijana mia moja, mia mbili. Wote walikuwa wanahesabu kwa jua tangu kunyonya. Hakuna hata mmoja aliyenyoosha mkono."

"Ulikuwa Padri, Padri."

"Na wewe nani kakuambia?"

"Mpishi."

"Alikuambia wewe. Mimi asingeniambia."

Hilo lilikuwa kweli. Nilimwona akitafuta fimbo yake, nikampa. Tulishuka pamoja mpaka ofisini, hatua moja kila ngazi, akamwambia mkuu afungue.

Tulianza saa nane mchana. Nilidhani nitafanya haraka: paka rangi, puliza, ingiza karatasi, linganisha mstari, piga. Lakini Padri alitaka kila mahali asomewe kwa sauti, kwa Kifaransa kwanza, kisha kwa Kiswahili, kisha akubali. Sikuweza kumkatalia, na sikuweza kuvumilia. Nguo zilikuwa zimelala ndani ya mashine tangu asubuhi. Mpishi alikuja akazitoa bila kuulizwa, akazianika, akarudi kusimama mlangoni.

"Papa, mumefika ngapi?"

"Kumi na nne."

"Yezu Maria. Na usiku unafika saa ngapi, ya kwako ao ya bapadri?"

Padri alimwambia aende kwenye viazi vyake. Alipoondoka aliniuliza jina lake, akalirudia taratibu.

Chakula cha jioni kilipogongewa kengele tulikuwa tumefika mahali pa ishirini na mbili. Ijumaa nilifika na tramu ya kwanza. Sista angekuja saa tano. Kufika mahali pa thelathini na tatu Padri aliinua mkono.

"Hapo si saa tisa."

"Kifaransa kinasema sala ya tisa, Padri."

"Najua kinachosema, nimekiandika. Ila karne hiyo walikuwa wamekwisha kuisogeza. Siku za mfungo hawaruhusiwi kula mpaka sala ya tisa iishe. Njaa inauma. Wakaanza kuimba mapema, kila kizazi mapema kidogo, mpaka sala ya tisa ikaimbwa adhuhuri. Andika saa sita."

"Msomaji atachanganyikiwa."

"Aelezwe."

"Hakuna nafasi kwenye mstari."

"Tengeneza."

Tulipoteza dakika ishirini kwa sala moja. Kilichonikera zaidi ni kwamba alikuwa na haki. Hata kadi yangu ilisema hivyo, niliitazama baadaye. Nilibana maneno matano mahali pa mawili, yakasimama yamebanana kama abiria. Kisha, zimebaki nane, akasema anataka kuongeza maneno yake kwenye dibaji.

"Padri, hakuna muda."

"Andika."

Alitamka kwa Kiswahili, bila kusita, inaonekana alikuwa ameyatunga usiku kucha. Alisema kwamba kwa miaka kumi na tisa alifundisha vibaya saa za sala, kwamba wanafunzi wake walijua zaidi yake na yeye hakuwapa nafasi ya kusema, na kwamba anawaomba radhi wale walio hai. Niliyachapa chini ya dibaji. Nilikosea herufi mbili, sikuzirekebisha.

Mahali pa arobaini na moja nilimaliza sista akiwa amesimama na koti, teksi inanguruma nje. Mkuu alifunga kifurushi upya. Jina langu lilikuwa bado kwenye ukurasa wa pili.

Kitabu kilitufikia Oktoba, nakala sita, karatasi nyembamba, jalada la kijani. Padri alikuwa anaona tofauti ya dirisha na ukuta tu. Nilimwekea moja mapajani, akapitisha kidole gumba kwenye kingo za kurasa mwanzo hadi mwisho.

"Saa zimetoka sawa?"

Nilichukua orodha yangu nikakagua palepale, moja baada ya nyingine. Arobaini na moja zote zilikuwa sawa. Nilimwambia. Alitikisa kichwa, akaniuliza kama jina langu limeandikwa vizuri, nikasema ndiyo.

Kisha nikafungua mwisho wa kitabu. Kulikuwa na karatasi ndefu iliyokunjwa mara mbili, yenye kichwa "Ratiba ya Siku ya Mtawa". Nilikuwa nimeichapa mwanzoni kabisa, wakati jedwali lilipokuwa jipya, kwenye karatasi kubwa isiyoingia kwenye fungu na zile nyingine, na ikawekwa kwenye bahasha yake chini ya kifurushi. Nakala ya kaboni haikuwa nayo. Sikuihesabu. Kuamka: saa mbili usiku. Sala ya tatu: saa tisa. Sala ya sita: saa kumi na mbili. Mlo: saa tatu. Kiwanda kilikuwa kimeipamba kwa mpaka wa maua.

Siku ile sikumwambia. Nilimwambia kesho yake. Tuliandika barua kiwandani. Walijibu baada ya mwezi na nusu kwamba nakala zote zimekwisha kusambazwa kwenye nyumba za malezi ya watawa, na kwamba watarekebisha katika toleo la pili. Toleo la pili, kwa ninavyojua, halikutoka.

Mwezi Machi uliofuata Padri alipata barua kutoka kwa sista mlezi wa wanovisi, nyumba moja ya mbali huko Tanzania. Nilimsomea baada ya chakula cha mchana. Sista alishukuru sana kwa kitabu. Alisema wanovisi wake kumi na wanne wameamua kufuata ratiba ya watawa wa kale kwa Kwaresima yote, na yeye pamoja nao. Wanalala jua likizama na kuamka saa mbili usiku kusali, na baada ya hapo wengi hawapati tena usingizi. Chakula wanakula saa tatu asubuhi, basi, mpaka kesho. Wasichana wamelalamika kidogo lakini wanavumilia. Wameona kwamba sura ya nne inasema saa nane na ratiba inasema saa mbili. Wamelijadili, wakaona kwamba ratiba, kwa kuwa iko mwisho wa kitabu, bila shaka ndiyo masahihisho.

Padri alikuwa ameelekeza uso kwenye mwanga.

"Wiki ya ngapi ya Kwaresima?"

"Barua imeandikwa wiki ya kwanza. Sasa ni ya nne."

"Waandikie leo," alisema. "Waambie walale."

"Nieleze na sababu?"

"Kwanza walale. Sababu weka chini."

Nilichapa hivyo, nikaichora ratiba upya nzima, nikaikagua mara tatu, nikampelekea mpishi aikague mara ya nne. Niliipeleka posta kabla haijafungwa, kwa ndege, na stempu zaidi ya zilizohitajika. Jibu lilikuja mwezi wa Mei. Barua yetu iliwafikia Jumatatu ya Pasaka, walipokuwa wamemaliza siku zote arobaini. Sista alisema wamefurahi sana kupata ratiba iliyo sahihi, na kwamba mwaka ujao wataanza upya na saa nane.